Kaskazi, Kusi na Mvua Moja: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara kuhusu Hali ya Hewa na Historia ya Kusini

Nimefundisha jiografia na historia katika sekondari za Lindi na Mtwara kwa miaka mingi. Maswali haya nimeulizwa darasani, barazani, ndani ya basi la kwenda Masasi, na siku hizi kwa ujumbe wa simu usiku wa manane. Nimeona niyaweke pamoja. Linaloniuma ni mtoto wa Kilwa kukariri mafuriko ya Mto Nile kwa ajili ya mtihani, huku hajawahi kuambiwa kwa nini mji wa babu zake ulijengwa pale ulipo.

Hali ya hewa na tabianchi si kitu kimoja?

Si kimoja. Mvua iliyokulowesha jana ukitoka sokoni ni hali ya hewa. Tabianchi ni tabia ya mahali kwa muda mrefu, na wataalamu hawaisemi mpaka wawe na vipimo vya miaka kama 30. Ndiyo maana mwaka mmoja wa mvua haba hauthibitishi kitu. Lakini bibi wa miaka 80 akikwambia kwamba tangu alipoolewa mvua ya kupandia imekuwa ikisogea mbele, msikilize vizuri, maana huyo anazungumzia tabianchi.

Kwa nini Kusini hatuna vuli na masika kama wenzetu wa Tanga?

Ukanda wa mvua hulifuata jua. Jua likienda kusini ukanda nao huenda, likirudi kaskazini nao hurudi. Tanga na Dar es Salaam wako katikati ya njia, kwa hiyo ukanda unawapitia mara mbili: vuli wakati wa kushuka, masika wakati wa kupanda. Sisi tuko karibu na mwisho wa safari yake. Unafika, unakaa, unaondoka. Tunapata msimu mmoja, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili au mwanzoni mwa Mei, kisha kiangazi kirefu.

Jambo hili limeingia ndani ya maisha yetu kuliko tunavyodhani. Mwenye misimu miwili akikosea vuli anajaribu tena masika. Sisi tukikosea, tunangoja mwaka mzima. Ndiyo asili ya heshima ya muhogo huku kwetu, kwa kuwa hukaa ardhini ukikusubiri, na ukivunwa hukaushwa makopa. Ndiyo asili ya mama zetu kujua ming'oko, viazi mwitu, inachimbwa wapi porini. Hata jando na unyago vilikaa kwenye nafasi yake hiyo hiyo: mavuno yameingia, njia ni kavu, ndugu wa mbali wanaweza kufika, chakula cha kulisha wageni kipo. Ukiuliza kwa nini ngoma hulia kuanzia Juni na si Februari, jibu lipo ghalani.

Kwa nini Kilwa ikawa tajiri kiasi kile? Kisiwa kidogo, hakina dhahabu wala mto mkubwa.

Hili ndilo swali ninalolipenda kuliko yote.

Anza na upepo. Kuanzia Desemba hadi Machi hivi huvuma kaskazi, kutoka Arabuni na Bara Hindi kuja kwetu. Kuanzia Aprili au Mei hugeuka kuwa kusi, kutoka kwetu kwenda kwao, mpaka karibu Oktoba. Kati yake kuna siku za tanga mbili, upepo haujaamua. Sababu ni bara kubwa la Asia: kiangazi chake linapata joto kuliko bahari na kuvuta hewa kulielekea, wakati wa baridi linaisukuma hewa kurudi. Neno lenyewe "msimu" tumelitoa katika Kiarabu, na Wareno walilichukua neno hilo hilo wakalipeleka Ulaya kuzitaja pepo hizi.

Sasa chukua jahazi linaloondoka Arabuni mwishoni mwa mwaka. Linateremka pwani na kaskazi mgongoni. Lakini kaskazi ina mwisho: kadiri unavyokwenda kusini inapungua nguvu, na ukikaribia Rasi Delgado, ng'ambo ya Ruvuma, huwezi kuitegemea tena. Nahodha anayetaka kwenda na kurudi kwa mwaka mmoja, auze, anunue, awahi kusi ya kumrudisha, hana nafasi ya kwenda mbali zaidi ya Kilwa. Dhahabu nayo ilikuwa Sofala, kusini zaidi, katika Msumbiji ya leo. Kwa hiyo mtu mmoja alihitajika katikati: wa kuifuata dhahabu kwa vyombo vyake, kuihifadhi, na kuwa nayo mkononi siku wageni wanapoingia. Mtu huyo alikuwa Kilwa.

Lakini angalia: upepo ule ule ulipita mbele ya visiwa vingi. Songo Songo iliupata, Mafia iliupata. Kilichoongeza Kilwa ni bandari yenye kina na kinga, na watawala waliojua kuishika Sofala na kutoza ushuru. Msafiri Ibn Battuta alipofika mwaka 1331 aliukuta mji mzuri, chini ya Sultani al-Hasan bin Sulaiman, yule aliyejenga kasri la Husuni Kubwa. Sarafu yenye jina la sultani huyo imeokotwa Zimbabwe Kuu, bara kabisa. Upepo haupigi sarafu. Hiyo ni kazi ya watu.

Na kweli upepo ndio "uliotuzaa" Waswahili?

Umechangia, kwa njia ambayo wengi hawaifikirii: kwa kuwachelewesha watu. Mfanyabiashara aliyeingia na kaskazi Februari hakuweza kuondoka kesho yake. Alingoja. Aliyekosa mwanzo wa kusi alingoja zaidi, kwa sababu Juni na Julai bahari ya Arabuni huchafuka vibaya na bandari za magharibi ya Bara Hindi zilifungwa. Miezi ya kungoja ni miezi ya kupangishwa chumba, kujifunza lugha, kuswali pamoja, kuposa. Utafiti wa vinasaba vya mifupa kutoka makaburi ya kale ya pwani, uliochapishwa mwaka 2023, ulionyesha mchanganyiko wa wazee wa Kiafrika na wa Kiasia ulioanza karibu mwaka 1000, na kwamba upande wa Afrika uliingia zaidi kupitia kwa akina mama. Lugha ilibaki ya Kibantu. Mgeni ndiye aliyejifunza, wenyeji hawakuibadili yao.

Mbona wazee wa bahari wana hesabu yao ya siku, mbali na mwezi wa Kiislamu?

Kwa sababu mwaka wa Kiislamu unafuata mwezi, na ni mfupi kwa siku kama 11 kuliko mwaka wa jua. Ramadhani huzunguka misimu yote. Kwa ibada hakuna tatizo. Kwa nahodha na mkulima ni hatari, maana upepo na mvua vinafuata jua. Ndipo Waswahili wakashika mwaka wa Nairuzi wa siku 365, unaohesabiwa kwa mafungu ya siku kumi kumi, miongo. Mzee alisema "mwongo wa tisini" na kila mvuvi akajua kinachokuja. Ni elimu ya hali ya hewa, tena safi. Nikimkuta mzee anayeijua bado, huwa namwomba mwanafunzi aketi naye na daftari, na kila mwaka wazee hao ni wachache.

Wareno hawakuujua upepo wetu?

Waliujua kwa kufundishwa, kisha wakaudharau mara moja na kulipa. Mwaka 1498 Vasco da Gama alivuka kutoka Malindi hadi Bara Hindi chini ya mwezi mmoja, akiwa na rubani mwenye kuijua bahari hii na kusi mgongoni. Kurudi aliondoka mapema Oktoba, kabla kaskazi haijakaa sawa. Safari ikachukua karibu miezi mitatu, mabaharia wengi wakafa kwa kiseyeye, mpaka ikabidi wachome meli moja kwa kukosa watu wa kuiendesha. Mwaka 1505 Wareno waliiteka na kuipora Kilwa. Hapo msilaumu hali ya hewa. Ilikuwa mizinga.

Babu yangu husema kimbunga hakifiki kwetu. Ni kweli?

Hufika mara chache, na uchache huo ndio unaotulaza usingizi. Vimbunga huhitaji mzunguko wa dunia ili vijizungushe, na karibu na ikweta nguvu hiyo ni ndogo. Tena vingi hukutana na Madagaska au hupinda kusini kabla ya kutufikia. Lakini Lindi iko kwenye nyuzi 10 hivi, haimo ndani ya kinga kamili. Tarehe 15 Aprili 1952 kimbunga kiliipiga Lindi na watu 34 walipoteza maisha. Aprili 2019 kimbunga Kenneth kilitua Cabo Delgado, Msumbiji, jirani kabisa, na Mtwara watu waliambiwa wahame mabondeni. Mei 2024 Hidaya kiliisha nguvu karibu na Mafia, lakini mvua zake zilikata barabara ya Kilwa na kututenga na Dar es Salaam.

Kipo kimbunga kimoja ambacho hakikutupiga sisi, na bado kilibadilisha historia yetu. Tarehe 15 Aprili 1872 (ndiyo, tarehe hiyo hiyo, miaka 80 kabla) kimbunga kiliipiga Unguja. Meli za Sultani Barghash zilivunjika na mikarafuu mingi iling'oka. Pemba iliponea. Bei ya karafuu ikapanda, matajiri wakakimbilia kupanda Pemba, na mashamba mapya yakahitaji mikono. Mikono ilitoka wapi? Kilwa Kivinje, bandari iliyopokea misafara ya watumwa kutoka upande wa Ziwa Nyasa. Mwaka uliofuata, 1873, mkataba ulipiga marufuku kusafirisha watumwa kwa bahari, wafanyabiashara wakawatembeza kwa miguu kutoka Kilwa kuelekea kaskazini, mwendo mrefu wa mauti. Siku moja ya upepo katika kisiwa kimoja, na kijana wa bara ya Kilwa akafungwa kongwa. Lakini upepo haukumfunga mtu. Walikuwapo watu waliokwisha kuamua kwamba binadamu huuzwa, na kimbunga kikawapa sababu ya kununua zaidi.

Kwa nini mababu wa Wamakonde waliishi juu ya uwanda usio na maji?

Mvua Newala inanyesha vizuri tu. Tatizo ni udongo wa kichanga unaoyanywa maji yote, yakatokeza chini kabisa, kwenye mabonde. Nyanya zetu waliteremka alfajiri na kupanda na mtungi kichwani, saa kwa saa. Nimewahi kuuliza mwenyewe, nikiwa kijana, kwa nini basi hawakuhamia bondeni. Bibi alinijibu kwa neno moja: "Vita." Vichaka vizito vya juu viliwaficha wasionwe na wavamizi wala wakamata watumwa. Bondeni palikuwa na maji, na pia palikuwa na njia. Watu walichagua kiu badala ya minyororo. Maji ya kupandishwa kwa pampu yalianza miaka ya 1950, na hata leo zipo nyumba zinazongoja bomba zamu kwa zamu.

Vita vya Majimaji vilianza kwa sababu ya ukame?

Hapana, na tafadhali msiandike hivyo kwenye mitihani. Julai 1905, huko Umatumbi, watu waling'oa pamba ya Wajerumani. Waling'oa pamba kwa sababu walilazimishwa kuilima katika siku zile zile ambazo mashamba yao ya chakula yalihitaji jembe, kwa ujira usio na maana. Penye msimu mmoja wa mvua, kumwibia mtu wiki mbili za kupanda ni kumwibia chakula cha mwaka. Hapo ndipo tabianchi inapoingia. Kisha ikaja njaa, na njaa ile ilitengenezwa: Wajerumani walichoma ghala na mashamba kwa makusudi. Makadirio ya waliokufa huanzia 75,000 hadi 300,000, na wengi wao waliuawa na njaa kuliko risasi.

Je, mradi wa karanga ulishindwa kwa sababu ya mvua?

Baada ya Vita Kuu ya Pili Waingereza walikosa mafuta ya kula. Wakapanga kulima karanga Tanganyika kwenye zaidi ya ekari milioni tatu: Kongwa, Urambo na kwetu Nachingwea. Wapimaji wao walikuja kati ya Juni na Septemba 1946. Soma tena miezi hiyo. Walikuja kiangazi, wakakaa muda mfupi, na rekodi za mvua walizozikuta zilikuwa chache mno. Kongwa udongo wa mfinyanzi ulikauka ukawa kama saruji, karanga zikakwama ardhini, na mvua ikakosa. Wagogo wa pale walijua nchi yao ni ya ukame, lakini nani aliwauliza?

Nachingwea mvua ni bora kuliko Kongwa. Huku kilichokwamisha zaidi ni pori zito, na kwamba kila kitu kilipaswa kujengwa upya. Wakajenga bandari ya kina Mtwara na reli ya kwenda Nachingwea. Mwaka 1951 mradi ulifutwa, hasara ya pauni milioni 36 hivi. Reli iling'olewa mwanzoni mwa miaka ya 1960. Bandari ilibaki, na mji wa Mtwara tunaouona leo umekua kandokando yake. Kwa hiyo ndiyo, mji wetu una deni kwa kosa la kutoijua mvua.

Korosho zilianguka miaka ya 1980 kwa ajili ya ugonjwa tu?

Ugonjwa ulikuwapo. Ubwiriunga, ukungu mweupe kama unga, hupenda asubuhi za baridi na umande, hasa Juni hadi Agosti, wakati mikorosho inachanua. Ua likishikwa, hakuna korosho. Lakini tazama mlolongo. Mwaka 1973/74 Tanzania ilivuna karibu tani 145,000. Mwaka 1986/87 ilikuwa chini ya tani 20,000. Katikati hapo watu walihamishiwa vijiji vya ujamaa na kuacha mikorosho yao mbali, bei ya mkulima ikashuka, magugu yakafunga mashamba. Ubwiriunga ulikuta miti isiyo na mwenyewe. Salfa ya kupuliza mikorosho na utafiti wa kituo cha kilimo cha Naliendele viliturudisha, pamoja na bei. Sasa tatizo linaloulizwa zaidi ni mvua za Oktoba na Novemba zinazodondoka juu ya korosho ambazo hazijaanikwa. Jibu langu ni fupi: okota kila siku, anika juu ya turubai au sakafu, usiziache chini ya mti zingoje mnunuzi.

El Niño ikitangazwa, Mtwara tutafurika?

Si lazima. El Niño, yaani Bahari ya Pasifiki kupata joto kuliko kawaida, huwa inaongeza mvua kaskazini mwa Tanzania na Kenya, na kuipunguza kusini mwa Afrika. Sisi tuko kwenye mpaka wa pande hizo mbili, kwa hiyo mwaka mmoja tunafuata huku, mwingine kule. Sikiliza utabiri wa Mamlaka ya Hali ya Hewa kwa ukanda wetu wenyewe, usibebe hofu ya Nairobi.

Mvua ndiyo iliyotuacha nyuma kimaendeleo?

Wanaouliza hili ni wale wanaokumbuka Rufiji. Kabla ya Daraja la Mkapa kufunguliwa mwaka 2003, mvua zikikolea safari ya Dar es Salaam ilikuwa kulala njiani siku kadhaa, lori kwenye tope hadi ekseli, mgonjwa na mfuko wa ufuta pamoja. Nimelala mimi mwenyewe kando ya kivuko, na mtoto mwenye homa mapajani. Mto ulijaa kila mwaka, kila mtu aliona. Kujenga au kutojenga daraja kulingoja uamuzi wa watu, na uamuzi ulichukua miaka zaidi ya 40 ya uhuru.

Ni kweli joto huwafanya watu kuwa wavivu, na baridi huleta maendeleo?

Ni uongo, na una historia. Wanafikra wa Ulaya waliurudia karne kwa karne, na wakoloni wakautumia kuhalalisha kiboko. Kilwa ilikuwa na kasri la mawe karne ya 14 katika joto hili hili. Anayesema mwanamke wa Newala aliyepanda mlima na mtungi kabla ya jua ni mvivu, aje apande naye.

Kwingineko duniani mambo yalikuwaje?

Nitataja mawili tu. Jangwa la Sahara, kati ya miaka kama 11,000 na 5,000 iliyopita, lilikuwa na majani, maziwa na viboko. Mvua zilipohama, wafugaji walisogea kwenye maji yaliyobaki, wengi kandokando ya Nile, na huko ndiko dola ya Misri ilikoota. Na Aprili 1815 volkeno ya Tambora, Indonesia, ililipuka na kufunika jua kwa vumbi. Mwaka 1816 Ulaya na kaskazini mashariki mwa Marekani hawakuona kiangazi, nafaka zikaharibika, watu wakahama makwao. Walioumia zaidi walikuwa wale ambao tayari hawakuwa na akiba.

Magofu ya Kilwa yanaliwa na bahari?

Kwa sehemu, ndiyo. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara ni urithi wa dunia tangu 1981, na kati ya 2004 na 2014 yaliwekwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini, mmomonyoko wa ufuko ukiwa sababu mojawapo. Mikoko huvunja nguvu ya mawimbi. Anayekata mkoko mbele ya gofu anaondoa ukuta wake.

Mwalimu, nataka wanafunzi wangu wapime mvua. Tuanzie wapi?

Hili limenifurahisha. Tafuta chupa ya plastiki yenye ubavu ulionyooka, kata sehemu ya juu, igeuze iwe faneli. Chini palipopinda jaza changarawe na maji mpaka usawa wa alama ya sifuri, kisha bandika rula nje. Isimamishe uwanjani, mbali na mwembe na paa. Someni kila siku saa tatu asubuhi, saa ile ile wanayosoma vituo vya hali ya hewa, kisha mrudishe maji kwenye sifuri. Milimita moja ni sawa na lita moja juu ya kila mita ya mraba, kwa hiyo watoto wanaweza kupiga hesabu ya maji yaliyoanguka juu ya paa la darasa.

Likizo mpeni zamu mlinzi au jirani wa shule. Na siku isiyonyesha andikeni sifuri, msiache nafasi wazi, kwa sababu atakayelifungua daftari hilo baada ya miaka 30 hatajua kama mvua haikunyesha au mlikuwa mmesahau.